Kununua ploti ya benki kwa mnada Nakuru ama Kisumu: sheria inakulinda wapi na inakuacha wapi

Fungua kurasa za minada kwa gazeti utakuta nyumba ya Kiamunyi, ploti Lanet, ingine Njoro, mesoneti Milimani Kisumu, zote za watu waliolemewa na loni na sasa benki inaziuza. Kuna wenye hawawezi gusa hizi mali, wanasema ni za machozi na mwenyewe atarudi na korti, na kuna wenye wanakimbilia juu bei iko chini. Kabla ufuate upande wowote jua sheria imekupa nini.

Ngao yako kubwa ni kifungu cha 99 cha Sheria ya Ardhi ya Kenya ya 2012. Mnunuzi hana kazi ya kuchunguza kama mwenye loni alishindwa kulipa kweli, ama kama alipewa notisi vizuri, ama benki ilipeleka pesa yako wapi. Hata ukiskia kabla ya kumaliza kununua kwamba notisi ilikuwa na kasoro bado umelindwa, isipokuwa benki iwe ilifanya ulaghai na wewe ulijua ama ulifaa kujua. Mwenye mali kama hakupewa ile notisi ya benki ya miezi mitatu ya kulipa deni, ama ya siku 40 ya kuuza, ama ile notisi ya dalali ya siku 45, anadai fidia kwa benki. Na kifungu cha 102 kinamruhusu alipe deni aokoe mali yake, lakini ni mpaka nyundo ya dalali igonge tu. Akikuja jioni na pesa yote kwa gunia, amechelewa.

Sasa shida ni kwamba watu husoma hapo wanafunga kitabu. Kifungu cha 99 kinafunika makosa ya kuuza, hakisafishi hati iliyooza. 2023 Mahakama ya Upeo kwa kesi ya Dina Management na kaunti ya Mombasa ilisema kama hati ilitoka kinyume cha sheria tangu mwanzo, kusema ati ulinunua bila kujua hakukuokoi. Kwa hivyo ikiwa hiyo ploti ilimegwa kutoka uwanja wa shule ama nafasi ya barabara, na benki ikaichukua hivyo hivyo kama dhamana, hasara imehamia kwako. Usidanganyike ati benki ilishaangalia. Fanya sachi kwa ofisi ya ardhi, alafu mwambie wakili atafute grini kadi, ile rekodi ya wamiliki iliyo kwa ofisi ya ardhi, aone hiyo ardhi ilitoka kwa nani ikaenda kwa nani, na ulipe savea mtembee naye na ramani mpaka kwa mabikoni, yaani alama za mipaka, juu namba ya ploti iliyo kwa gazeti inaweza kuwa ya ploti ya jirani na wewe umeonyeshwa ile iko na geti nzuri.

Enda uone mali na macho yako, na uende mchana. Masharti mengi ya mnada husema mali inauzwa vile iko na benki haiahidi kukuondolea mtu. Angalia nguo kwa kamba, angalia nani anafungua geti. Kama ni wapangaji uliza wako na mkataba gani, juu mkataba ambao benki iliukubali kwa maandishi utaendelea hata ukishanunua. Na huku kwetu magharibi, Vihiga, Bungoma, Siaya, angalia pia kaburi. Boma iko na kaburi la mzee mbele ya nyumba na vijana wake wamekaa hapo wakikuangalia, sheria inaweza kuwa yako yote na bado usilime hata msimu mmoja. Mimi hiyo singeguza, bei iwe gani.

Kuhusu dalali, lazima awe na leseni ya Bodi ya Madalali, muulize akuonyeshe. Mnada haufai kufanyika kabla siku 14 ziishe tangu tangazo la kwanza kwa gazeti, na bei ya chini huwekwa kulingana na valuesheni isiyozidi miezi 12. Siku ya mnada ukifika unaweza ambiwa korti imesimamisha asubuhi hiyo, hutokea sana, basi chukua cheki yako urudi nyumbani. Ukishinda, lipa dipositi kama tangazo lilivyosema, kwa cheki ya benki ama kwa akaunti iliyoandikwa, usikubali kutuma kwa simu ya mtu, na usitoke hapo bila karatasi ya mauzo imesainiwa. Pesa iliyobaki mara nyingi hupewa siku 90, ukichelewa dipositi inaweza kuenda, kwa hivyo kama unategemea loni anza kuongea na benki yako mapema, si siku ya 80.

Mnada wa amri ya korti, ule wa kudai deni la kesi, ni kitu kingine kabisa. Hapo unalipa asilimia 25 papo hapo na zingine ndani ya siku 15, na mali haijakuwa yako mpaka korti ithibitishe mauzo, na mdaiwa anaweza kuomba yafutwe kama kulikuwa na ulaghai ama kasoro kubwa. Usijenge hata choo kabla ya hapo.

Kuhamisha jina utalipa ushuru wa stempu, asilimia 4 mjini na 2 mashambani, na uliza nani analipa reti za kaunti zilizolala, juu wakati mwingine masharti yanakutupia wewe. Hati ikishatoka kwa jina lako na mwenyewe wa zamani bado amekaa ndani, usiende na vijana kumtoa usiku. Mpe notisi ya maandishi ya miezi mitatu, akikataa enda korti upate oda, na OCS, mkuu wa kituo cha polisi, asimamie siku ya kumtoa. Kwa hiyo kesi unaweza pia kudai kodi ya ile miezi yote amekalia nyumba yako.