Mraba kamili wa tarakimu nne: anza na kipeuo

Ukiulizwa mraba kamili (namba inayopatikana kwa kuzidisha namba nzima kwa yenyewe) mdogo kabisa wenye tarakimu nne, usianze kuzidisha namba moja moja. Tafuta kipeuo cha pili cha 1000, yaani namba ambayo ukiizidisha kwa yenyewe unapata 1000. Kwa kuwa 30 × 30 ni 900, jibu limezidi 30 kidogo. Jaribu 31: unapata 961, haijafika. 32 inatoa 1024, basi ndiyo hiyo. Mkubwa kabisa ni rahisi: 100 × 100 tayari ina tarakimu tano, kwa hiyo rudi 99, upate 9801. Miraba yote ya tarakimu nne, kuanzia wa 32 hadi wa 99, ni 68.

Kinachofaa kukaririwa hapa ni kipeuo cha pili cha 10, yaani takribani 3.162. Sogeza nukta tu: 31.6 kwa 1000, 316.2 kwa 100,000. Hivyo mraba mkubwa wa tarakimu tano ni wa 316, yaani 99,856.

Na ukishapata mraba mmoja, usizidishe tena kutafuta unaofuata. 70 × 70 ni 4900. Ongeza 70 na 71, unapata 5041, mraba wa 71. (Namba inayoishia na 2, 3, 7 au 8 iache, haiwezi kuwa mraba kamili.)