Namna ya kumrekodi mtu mmoja kwa ukaribu katika filamu ya hali halisi

Siku ya kwanza unapokwenda kwa mtu unayetaka kumtengenezea filamu, usibebe kamera. Tuseme ni mzee fundi wa majahazi huko Bagamoyo: mwamkie, keti naye juu ya gogo, unywe kahawa anayokukaribisha, na uangalie jua linaingia bandani saa ngapi, patasi zake huziweka wapi na nani hupita kumsalimu, kwa sababu mambo hayo ndiyo yatakayokuonyesha mahali pa kuisimamisha kamera utakaporudi nayo. Mimi huenda mara tatu kabla ya kurekodi chochote.

Ridhaa iandikwe, sheria za ulinzi wa taarifa binafsi, ya Kenya ya mwaka 2019 na ya Tanzania ya mwaka 2022, zinaitambua. Hata hivyo sahihi peke yake haitoshi. Mweleze kwamba filamu itafika kwenye intaneti na haitarudi, kisha muombe ruhusa upya kila mazungumzo yanapogusa msiba au ugomvi wa nyumbani.

Tumia lenzi ya milimita 35 au 50, ambayo itakulazimisha ukae karibu naye, kiasi cha mita moja na nusu. Lenzi ndefu huuvuta uso wake karibu lakini wewe ikakuacha upande wa pili wa uwanja, na hakuna mtu anayesimulia siri kwa kupaza sauti. Akiwa amekaa chini, nawe kaa chini. Maikrofoni ya kubana nguoni ijaribiwe kwa kumwomba ainame na kuinuka, maana kanzu hukwaruza. Kabla ya kuondoka, rekodi dakika moja ya sauti ya mahali penyewe.

Usimuulize alijisikiaje, muulize nyundo ile aliipata kwa nani. Akimaliza kujibu, nyamaza na uhesabu moyoni hadi kumi. Niliwahi kurukia swali lililofuata wakati mzee mmoja alikuwa ameshavuta pumzi ya kuendelea, na alichotaka kusema sijakijua hadi leo. Errol Morris, mtengenezaji wa filamu za hali halisi wa Marekani, alibuni kifaa cha vioo kinachomwezesha anayehojiwa kuuona uso wa muulizaji huku akiitazama lenzi. Sisi tusio nacho tukae bega kwa bega na kamera.

Kazi ya mikono irekodiwe mwanzo hadi mwisho. Fundi anapokalafati, yaani anapoziba jahazi lisivuje, huisokota pamba yenye mafuta kwa kidole gumba, huilaza kati ya mbao mbili, kisha huishindilia kwa patasi butu, na mara nyingi midomo yake huanza kusema neno wakati nyundo imetulia. Ukikata mapema, utalikosa.

Kabla filamu haijaonwa na mtu mwingine, mwonyeshe yeye, nawe ukae pale unapouona uso wake badala ya skrini. Akitaka kipande kiondolewe, muulize sababu, halafu kiondoe.