SOMO: Kupata vitabu vya kale vya historia na chapa zake mpya ukiwa Uganda

Kila wiki naulizwa jambo hili hili inboksi. Naliandika mara moja. Atakayeuliza tena nitamrudisha hapa.

1. Andika jina kamili la kitabu, mwandishi, mwaka wa toleo la kwanza na idadi ya juzuu.

2. Tafuta nakala ya bure kwenye Internet Archive, maktaba ya mtandaoni.

3. Ulizia maktaba kabla ya kutoa pesa. Makerere wana sehemu ya Africana, yaani vitabu vinavyohusu Afrika. Maktaba ya Uganda Society iko palepale kwenye jumba la makumbusho, Kampala. Ndio waliotoa jarida la Uganda Journal tangu 1934.

4. Kagua chapa kabla ya kulipa. Hapa ndipo nilipoumia. Nilitaka The Uganda Protectorate cha Harry Johnston, cha 1902. Ni juzuu mbili, zenye picha 48 za rangi za ukurasa mzima na ramani 9. Nikaagiza chapa mpya yenye jalada la kung'aa. Ilipofika, ni juzuu ya kwanza tu. Picha za rangi zimekuwa kijivu kama majivu ya jiko. Ramani ilipigwa skani ikiwa bado imekunjwa: unaona kipande cha ziwa, halafu mstari wa mkunjo, basi. Pesa haikurudi. Kwa hiyo, muulize muuzaji kwa maandishi: ni juzuu ngapi? Picha ni za rangi? Ramani zimekunjuliwa? Akikwepa hata swali moja, usilipe. Usidanganywe na mwaka ulioandikwa kwenye tangazo. Mara nyingi ni mwaka wa kuchapwa upya. The Baganda cha John Roscoe ni cha 1911, ila wachapishaji Frank Cass wa London walikichapa tena 1965.

5. Jumlisha nauli ya posta kwanza, ndipo useme ni rahisi.

MASWALI

Mbarara: Nitumie PDF ya historia ya Uganda.
Jibu: Kitabu gani? Cha nani? Rudi hatua ya 1.

Jinja: Mimi nimenunua hizo chapa mpya na ziko sawa. Unatutisha bure.
Jibu: Kitabu cha maandishi matupu kinaweza kutoka vizuri. Mimi nasema vya ramani na picha. Soma tena hatua ya 4.

Fort Portal: Mwalimu, naishi chini ya Rwenzori. Nasikia Ptolemy, yule mwanajiografia wa kale, aliandika habari za Milima ya Mwezi. Nianzie wapi?
Jibu: Swali zuri sana, ndugu yangu. Kitabu chake ni Geography. Tafsiri ya Stevenson ya 1932 ilichapwa upya 1991 na ni rahisi kuipata, lakini wataalamu wameilaumu sana kwa makosa. Tafuta ya Berggren na Jones, ya 2000. Hawakutafsiri kitabu kizima, ila sehemu ya kwanza imo yote, na humo yumo baharia Diogenes aliyesukumwa na upepo hadi karibu na Rhapta, bandari ya kale ya pwani ya Afrika Mashariki, pamoja na maziwa yanakotoka maji ya Nile. Kisha soma Periplus, mwongozo wa kale wa mabaharia ulioandikwa kwa Kigiriki, inayoitaja Rhapta pia: tafsiri ya Schoff ya 1912 ni bure mtandaoni, ya Casson ya 1989 ina Kigiriki chenyewe na maelezo. Ukikwama niandikie, tutasoma pamoja.

Entebbe: Vyangu vinaota ukungu huku ziwani.
Jibu: Viondoe kwenye mifuko ya nailoni. Visimamishe mbali kidogo na ukuta, hewa ipite nyuma.

Masaka: Na ukivipiga picha kwa simu, usivilaze wazi kabisa, mgongo utapasuka. Mimi huegemeza jalada kwenye mto.
Jibu: Asante dada, la mto sikulijua.