Namna ya Kudai Fidia Barabara Inapokata Shamba au Kiwanja Chako

Mimi ni msaidizi wa kisheria ngazi ya kata, hapa Tanzania. Wengi hunifuata greda likishapita, wakati kazi ilipaswa kuanza siku tetesi za barabara ziliposikika mtaani.

1. Jua barabara ni ya nani. Barabara kuu na za mkoa ni za TANROADS (Wakala wa Barabara). Za wilaya ziko chini ya TARURA (Wakala wa Barabara za Vijijini na Mijini) tangu 2017. Barua yako ya madai ielekee huko, nakala kwa mkurugenzi wa halmashauri.

2. Kusanya vielelezo. Hati, leseni ya makazi, hatimiliki ya kimila, au mkataba wa mauziano ulioshuhudiwa na serikali ya mtaa. Huna karatasi? Majirani unaopakana nao waandike na kusaini. Umiliki wa kimila nao unalipwa fidia, usikubali kuambiwa vinginevyo.

3. Kuwa macho kwenye mkutano wa wananchi kuhusu barabara. Hapa ndipo haki nyingi zinapopotelea. Mwenyekiti anaomba watu watoe maeneo bure, wanapiga makofi, karatasi ya mahudhurio inazunguka. Baadaye saini zile zinabandikwa nyuma ya muhtasari unaosema wananchi wameridhia kutoa ardhi bila fidia. Soma kichwa cha karatasi kabla ya kusaini. Kikiwa kitupu, andika "nimehudhuria tu" pembeni ya jina lako. Kujitolea ni jambo jema, na mimi nawapongeza wanaojitolea, lakini ni hiari ya mwenye ardhi mwenyewe. Ibara ya 24 ya Katiba inakataza mtu kunyang'anywa mali yake bila fidia inayostahili.

4. Siku ya uthamini, yaani ya kukadiria thamani ya mali yako, usikose. Mthamini atakupiga picha umeshika kibao chenye namba yako, mbele ya mali yako. Tembea naye hatua kwa hatua. Mwembe unaozaa na mche wa mwembe havina bei moja, kwa hiyo hakikisha kila mti umeandikwa kwa umri wake. Mwonyeshe kisima, choo, uzio, kaburi. Kisha piga picha ya fomu kwa simu kabla hajaondoka nayo.

5. Kagua jedwali la fidia. Bei ya soko ya ardhi na maendelezo (majengo na mazao yaliyo juu yake) ni mwanzo tu. Kuna posho ya usumbufu, na kama unaishi au unafanya biashara hapo, kuna usafiri, kodi ya pango ya miezi 36, na faida utakayoikosa kwa miezi 36. Duka likiwa halina hesabu za maandishi, hapo utapata shida.

6. Hesabu miezi. Sheria ya Uthamini ya 2016 inataka malipo ndani ya miezi 6 tangu Mthamini Mkuu aidhinishe. Zaidi ya hapo kuna riba. Ikipita miaka 2 bila malipo, uthamini ule umekufa, dai upya.

7. Wakiingia bila kulipa. Usisimame mbele ya greda. Andika malalamiko, peleka kwa mkono, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa. Kimya kikizidi, wakili akuandalie notisi ya siku 90 ya kusudio la kushtaki kwa taasisi husika, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Siku hizo zikiisha, shauri hufunguliwa Mahakama Kuu. Ukiruka notisi, kesi itatupwa hata kama haki ni yako.