Namna ya kukagua picha unayoambiwa ni ya Tingatinga mwenyewe

Hapa Bagamoyo picha za Tingatinga, mtindo uliopewa jina la marehemu mchoraji Edward Saidi Tingatinga, zinauzwa Mji Mkongwe na kwenye hoteli za ufukweni, nyingi zikiwa kazi halali za wachoraji walio hai. Kuiga mtindo si kosa, vijana hujifunza hivyo. Kosa ni kuandika "E. S. Tingatinga" pembeni na kudai bei ya marehemu. Kabla hujatoa hela, fanya hivi.

Kwanza, igeuze. Edward Saidi Tingatinga alianza kuchora mwaka 1968, akafariki 1972. Alichora kwenye hadibodi, ubao mwembamba wa kiwandani, kwa rangi za mafuta zinazong'aa, zile za kupaka baiskeli. Ukiletewa turubai ya kukunja na kutia begini, mrudishie mwenyewe. Mgongo wa hadibodi ya zamani hubadilika rangi bila usawa: palipofunikwa na fremu hapafanani na katikati. Weusi uliolingana kila mahali, unaoachia rangi kwenye kitambaa chenye unyevu, huenda ni chai iliyopakwa. Kutu ya misumari isikushawishi. Chumvi ya pwani yetu huila misumari mipya upesi.

Pili, inuse. Harufu ya rangi ikiwa bado kali, picha ni ya juzi.

Tatu, saini, nayo uitazame kwa lenzi. Rangi ikizeeka hupasuka vijiufa. Vijiufa vikikata herufi, hiyo ni dalili njema. Wino ukiwa umetiririkia ndani ya ufa, jina liliongezwa picha ikiwa tayari imezeeka. Usikwangue, na usiguse kwa tina wala petroli, utaharibu ushahidi.

Nne, uliza ilikopita: nani aliinunua, lini, kuna risiti au picha ya sebule ilikotundikwa? Cheti alichojiandikia muuzaji hakina uzito.

Hapa ndipo pagumu. Hadibodi kuukuu hupatikana kwenye dari za nyumba zinazobomolewa. Tena wanafunzi wake, kama January Linda na Simon Mpata, walitumia ubao na rangi zilezile, miaka ileile. Kwa hiyo vifaa vinaweza kukuonyesha kwamba picha si yake, lakini haviwezi peke yake kuthibitisha kwamba ni yake. Mimi bila historia ya umiliki siandiki jina lake.

Mwisho, mwambie muuzaji aandike kwenye risiti jina la mchoraji na ahadi ya kurudisha fedha. Akikataa, lipa bei ya picha ya kawaida, kama umeipenda.