Mti wa Kivuli Nyumbani: Pima Mahali Kwanza, Kisha Chagua Mti

Miti mingi ya kivuli inayokatwa vichwa au kung'olewa majumbani haina kosa lolote. Ilipandwa mita 2 kutoka ukutani ilipokuwa miche ya kufika kiunoni, na mpandaji hakuwaza mwembe utakuwaje baada ya miaka 20. Kwa hiyo kabla ya kwenda kitaluni, chukua futi kamba utoke nje.

Swali la kwanza ni hili: jua linakusumbua wapi, na saa ngapi? Kwa nyumba nyingi jibu ni upande wa magharibi. Ukuta wa mashariki nao hupigwa na jua, lakini asubuhi hewa bado ina ubaridi. Ifikapo saa 9 alasiri hewa imeshapata moto, kuta zimefyonza joto tangu mchana, na jua lililoinama linaingia moja kwa moja madirishani. Mti mmoja uliokaa sawasawa magharibi mwa nyumba hufaa kuliko mitatu iliyotawanywa ovyo. Adhuhuri ni habari nyingine. Katika nchi za joto jua la saa 6 huwa karibu na utosi, kivuli kinabaki chini ya mti wenyewe, na paa halifunikwi mpaka matawi yawe juu yake. Hilo hulitaki: majani huziba mifereji ya paa, na tawi likivunjika huangukia bati.

Kivuli hupimwa kwa fimbo. Isimike wima mahali peupe, ibaki mita 1 juu ya ardhi, kisha weka kokoto kwenye ncha ya kivuli chake saa 8, 9, 10 na 11. Karibu na ikweta, mwezi Machi au Septemba, kivuli cha saa 9 huwa kama mita 1, cha saa 10 kama mita 1.7, na cha saa 11 hukaribia mita 3.7. Saa ya ukutani huweza kupishana na jua kwa nusu saa hivi, ndiyo maana fimbo inaaminika kuliko jedwali lolote. Mwezi Juni jua huwa kaskazini na kivuli husogea kusini. Desemba huwa kinyume chake. Ukiweza, pima katika vipindi vyote viwili.

Sasa zidisha vipimo hivyo kwa kimo cha katikati ya mwavuli wa mti uliokomaa. Tuseme unataka mti wenye kimo cha mita 8, mwavuli wake wa majani una upana wa mita 10, na matawi ya chini yanaanzia mita 3. Katikati ya mwavuli ni mita 5.5 juu ya ardhi. Saa 8 kitovu cha kivuli kitakuwa mita 3 hivi mashariki mwa shina. Saa 10 kitakuwa mita 9 na kidogo. Ukingo wa kivuli wakati huo unapita karibu na shina, na saa 11 shina lenyewe liko juani, kwa kuwa mwanga unapenya chini ya matawi. Anayejenga benchi kuzunguka shina ili akae jioni atajikuta anaota jua. Benchi la saa 10 liwe mita 8 au 9 mashariki mwa mti, au mti upandwe umbali huo magharibi mwa baraza.

Mti huohuo ukiwa mita 7 kutoka ukuta wa magharibi, kivuli chake huanza kugusa chini ya ukuta kati ya saa 7 na saa 8 mchana, na saa 10 kimepanda mpaka mita 4 hivi. Hapo ukuta wa nyumba ya kawaida umefunikwa wote.

Mita hizo 7 zina sababu yake. Kanuni tunayoifuata ni nusu ya upana wa mwavuli uliokomaa, ukiongeza mita 2. Mwavuli wa mita 10 unadai mita 7. Wa mita 16 unadai mita 10. Kama kiwanja hakina nafasi hiyo, punguza mti, usipunguze umbali. Kutoka kwenye uzio acha angalau mita 4, na kumbuka matawi yatakayovuka kwa jirani. Chini ya nyaya za umeme usipande kabisa mti unaorefuka.

Mizizi huogopwa sana, wakati mwingine bila sababu. Sehemu kubwa ya mizizi iko ndani ya sentimita 60 za juu, na husambaa kupita ukingo wa matawi, mara nyingi kwa zaidi ya mara mbili ya upana wake. Msingi imara wenye kina mizizi haiubomoi kwa kuusukuma tu. Kinachoinuliwa ni vitu vyepesi: sakafu ya nje, njia ya vigae, uzio wenye msingi mfupi, hasa karibu na shina ambako mizizi hunenepa. Hatari ya msingi iko kwenye udongo wa mfinyanzi unaopasuka wakati wa kiangazi. Mti hunyonya maji, udongo hunywea, na msingi hutitia upande mmoja. Penye udongo wa namna hiyo ongeza umbali. Mabomba nayo huingiliwa pale yanapovuja, kwa sababu mizizi hufuata unyevu. Kaa mita 10 kutoka kwenye shimo la maji taka na ziba viungo vinavyovuja kabla ya kupanda.

Baada ya hapo ndipo uchague mti. Mwenye subira apande mkwaju. Hukua polepole, lakini mbao zake ni ngumu, na hustahimili upepo na ukame. Mwembe hutoa kivuli kizito mwaka mzima. Nyasi chini yake usizitarajie. Mwembe wa mbegu hupanda juu na kutanuka sana, wa kubebeshwa (uliounganishwa kwenye mche mwingine) hubaki mdogo, kwa hiyo uliza ni upi unaouziwa. Mkungu hupanga matawi yake ghorofa kwa ghorofa na kuenea kwa ulalo, umbo zuri kweli, ila hudondosha majani makubwa kwa mkupuo, na popo hupenda matunda yake. Mwarobaini ni wa haraka na hauogopi ukame. Maji yaliyotuama ndiyo huuua. Mkrismasi wa maua mekundu ndio wenye mwavuli mpana na bapa kuliko wote hawa, na ndio unaopandwa vibaya kuliko wote. Matawi yake huvunjika kirahisi, mizizi yake hutambaa juu ya ardhi, na penye kiangazi kikali hupukutisha majani wakati ambapo kivuli kinahitajika. Uweke katikati ya uwanja, mbali na gari na paa. Mzambarau nao usiwe juu ya maegesho wala nguo zinazoanikwa, maana matunda yake hutia doa la zambarau. Mkuyu na msufi iachwe kwa viwanja vikubwa mno.

Kitaluni, mche mrefu usikuvutie. Wa sentimita 50 hadi 100 wenye shina moja na mizizi isiyobanwa mara nyingi hushika upesi na kuupita wa mita 2 uliodumu muda mrefu kwenye kiriba, yaani mfuko wa mche. Angalia chini ya kiriba: mizizi minene ikiwa imetoboa au inazunguka kama kamba, achana nao. Mizizi inayozunguka huendelea kuzunguka ardhini, na baada ya miaka huweza kulikaba shina, au mti ukaanguka kwa upepo ukiwa bado na majani mabichi.

Kabla ya kupanda, jaza shimo maji. Yakiwa bado yamo baada ya saa 24, tafuta mahali pengine au mti unaovumilia unyevu. Shimo la sentimita 60 kwa 60 kwa kina cha 60 linatosha. Penye udongo mgumu upana ufike 90. Tenga udongo wa juu, uchanganye na debe moja la samadi iliyooza kabisa. Samadi mbichi huunguza mizizi na huita mchwa. Rudisha mchanganyiko, ushindilie kwa mguu ili mti usizame baadaye, chana kiriba na ukiondoe chote, kisha weka mche ili shingo ya mizizi, pale shina linapokutana na mizizi, ilingane na ardhi. Kuzika shina ni kosa la kawaida sana: gome hukaa katika unyevu, huoza, na mti hudumaa miaka kadhaa bila mtu kujua kwa nini.

Tengeneza kingo ya udongo kuzunguka mche, mwagilia lita 20 mara mbili kwa wiki kwa miezi 2 ya mwanzo, halafu lita 40 mara moja kwa wiki wakati wa kiangazi mpaka kiangazi cha pili kiishe. Maji kidogo ya kila siku hufundisha mizizi kubaki juu. Matandazo yawe sentimita 5 hadi 10, yakae mbali na shina kwa kiganja kimoja.

Kinachosahaulika ni kuuelekeza mti ungali mdogo. Acha shina moja kuu mpaka lipite mita 2.5. Kwenye panda nyembamba, ambapo mashina mawili yamebanana na gome limenaswa katikati, ondoa moja mapema; hapo ndipo mti mkubwa hupasuka siku ya dhoruba. Juu ya hizo mita 2.5 bakiza matawi 4 au 5 yanayotazama pande tofauti, yakiachana kwa sentimita 30 hadi 45. Kwa mwaka usitoe zaidi ya robo ya majani. Matawi ya chini yaondoe polepole kadiri mti unavyorefuka, maana ndiyo yanayonenepesha shina.

Tawi nene hukatwa mara tatu: mkato mfupi kutoka chini, sentimita 30 hivi kutoka kwenye shina, wa pili kutoka juu, mbele kidogo ya ule wa kwanza, ili uzito udondoke bila kuchana gome, wa mwisho karibu na shina, nje kidogo ya uvimbe ulio kwenye chimbuko la tawi. Uvimbe huo usiukate, kwa kuwa ndio unaofunga jeraha.