Kabla ya kuomba kibali cha kujitetea

Mwenye duka mmoja wa Ngamiani, Tanga, alipokea samansi (wito wa mahakama) ya deni la hundi, akaikunja, akaiweka chini ya mizani. Alisubiri tarehe ya kesi ili aende akajieleze. Siku ilipofika alikuta hana nafasi ya kusema neno: mdai aliomba hukumu, akapewa. Na mzee wa watu alikuwa na utetezi wa kweli kabisa. Hilo ndilo linaloniuma.

Basi ukipokea karatasi za mahakama, soma kwanza kichwa cha hati ya madai. Ukiona imetajwa Amri ya 35, utaratibu wa muhtasari, jua hiyo si kesi ya madai uliyoizoea. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33 ya sheria za Tanzania, imeutenga utaratibu huo kwa madai kama ya hundi, hati za ahadi ya malipo, mikopo ya rehani, bili za umeme na madeni ambayo Serikali inadai. Humo huna haki ya kujitetea mpaka mahakama ikupe kibali. Usipoomba, yote aliyoandika mdai yanahesabiwa kuwa umeyakubali. Wengine hukimbilia kuwasilisha majibu ya utetezi kama kwenye kesi nyingine. Bila kibali, majibu hayo hayakusaidii kitu.

Muda wa kuomba kibali ni siku 21 tangu samansi ikufikie, na siku yenyewe ya kuipokea haihesabiwi. Andika tarehe hiyo kwenye nakala yako papo hapo, mpelekaji akiwa bado mlangoni. Ada ya maombi nayo usiiache hadi jioni ya siku ya mwisho.

Kazi kubwa iko kwenye kiapo, yaani maelezo yako ya maandishi unayoyaapia kuwa ni kweli. Maombi hupelekwa yakiungwa mkono na kiapo chako, na mara nyingi hicho ndicho jaji au hakimu atakachokipima. Kuandika "nakanusha deni lote" ni sawa na kukaa kimya. Andika mambo yaliyotokea: hundi niliitoa tarehe fulani kwa magunia 60 ya mahindi, yakafika 22, mengine hayajaja hadi leo, na hati ya kupokelea mzigo yenye saini ya dereva nimeiambatisha. Hapo mahakama inaona jambo la kusikilizwa. Malalamiko, maoni na vifungu vya sheria viache nje. Mahali pake ni kwenye hoja za wakili. Uliloambiwa na mtu, taja aliyekuambia, na mwishoni, kwenye uhakiki (sehemu ya kuthibitisha kuwa uliyoandika ni kweli), tenganisha unayoyajua mwenyewe na uliyoyasikia. Kisha apa mbele ya kamishna wa viapo (mtu aliyeruhusiwa kisheria kuapisha watu), ana kwa ana, naye aandike mahali na tarehe. Tafadhali usimpe kijana wa bodaboda akupelekee karatasi uliyokwisha kuisaini. Kiapo kinachosema uliapa Tanga mjini siku ambayo ulikuwa Handeni kinaweza kutupwa, na maombi yakaanguka nacho.

Kama ni mkopo wa rehani, mlango ni mwembamba zaidi. Sheria inakutaka uonyeshe kwamba mkopo, au sehemu inayodaiwa, umeshalipwa, au kwamba hukuuchukua kabisa. Biashara kuyumba au riba kukuelemea hakutoshi, hata kama ni kweli tupu. Kusanya stakabadhi za benki moja moja, uzipange kwa tarehe.

Weka pia fedha akilini. Mahakama inaweza kukupa kibali kwa sharti la kuweka mahakamani sehemu ya deni au dhamana, kwa hiyo zungumza mapema na ndugu watakaokushika mkono.

Siku 21 zikikupita, omba kwanza kuongezewa muda, ukieleza kila siku ya kuchelewa ilikwendaje. Kama ulilazwa, ambatisha cheti cha hospitali. Hukumu ikiwa imeshatoka, bado unaweza kuomba itenguliwe, ila hapo utatakiwa kuonyesha mazingira ya pekee, na mdai huenda tayari ameshaomba kukazia hukumu, yaani itekelezwe.